"Babu, shuka!": Tangazo la simu limenifuata hadi makaburini

Shikamoo Bi Mkubwa,

Mimi ni mwigizaji, nina miaka 29, naishi Tabata, Dar es Salaam. Naomba usiandike jina langu, ingawa hata ukiliandika hakuna atakayenijua, na hiyo ndiyo shida yenyewe. Ila nikikwambia "Babu, shuka!" nadhani utanikumbuka.

Kwa ambao hawakuliona: mwaka 2019 kampuni moja ya simu ilitoa tangazo la kwamba minara yao sasa inafika vijijini. Mzee amepanda juu ya mwembe, mkono mmoja umeshika tawi, mwingine umeinua simu juu, anatafuta mtandao. Mara anatokea binti mwenye kanga kiunoni, anakimbia kwenye vumbi huku anapiga kelele, "Babu, shuka! Mtandao umefika!" Mzee anashuka, kanzu inanasa kwenye tawi, watu wanacheka, basi. Sekunde 30 tu. Yule binti ni mimi.

Tulishuti siku moja, toka alfajiri mpaka magharibi. Walinilipa shilingi 800,000 taslimu. Nilisaini karatasi juu ya boneti ya gari, jua linazama, dereva anapiga honi kwamba anataka kuwahi foleni. Nakala sikupewa na wala sikuomba. Nilikuwa na miaka michache tu toka nimalize mafunzo ya uigizaji, nikajua mlango ndiyo umefunguka.

Tangu siku hiyo sina jina. Konda akiniona kwenye daladala hatangazi kituo, anapaza sauti, "Babu, shuka!" na gari zima linageuka. Muuza mihogo ananiita Babu. Watoto wa jirani wananiita Babu, mimi mwanamke. Hayo nilishayazoea, na kuna siku yananichekesha. Lakini kuna watu wanachukua picha yangu ya lile tangazo wanaibandika kwenye mambo machafu na kuyasambaza, na hayo sijayazoea.

Mwaka jana nilienda kwenye usaili wa tamthilia. Nilitaka nafasi ya hakimu wa mahakama ya mwanzo. Bi Mkubwa, nilijiandaa wiki tatu. Nilienda kukaa kwenye mahakama ya kweli, benchi la nyuma, nikimwangalia hakimu mwanamke anavyoondoa miwani kabla ya kuuliza swali gumu, anavyonyamaza mpaka mtu aanze kujijibu mwenyewe. Nilipomaliza kuonyesha, muongozaji akaniambia, "Umeweza kabisa. Lakini siku utakayosema 'mshtakiwa, simama', watazamaji wote watakuwa wanasubiri useme 'shuka'." Chumba kizima kikacheka. Nafasi akapewa mwingine.

Kilichonifanya niandike ni cha mwezi Machi. Babu yangu mzaa mama alifariki, tukaenda kumzika kijijini, Muheza. Jeneza linateremshwa, padri anasali, wajomba wameshika kamba, kimya kabisa, unasikia kamba tu zinavyokwaruza mbao. Kutoka nyuma sauti ya kijana ikasema, si kwa nguvu, "Babu, shuka." Watu wakaziba midomo kwa kanga. Mama yangu akageuka akaniangalia mimi, kama vile ni mimi niliyesema. Sikulia tena siku ile. Nilikauka. Mpaka leo nikimkumbuka babu, badala ya sura yake nasikia ile sauti.

Na babu mwenyewe alilipenda lile tangazo. Aliwaambia wanakijiji yule mzee wa kwenye mwembe ni yeye, akanogesha mpaka wengine wakaamini. Nikimpigia simu hasemi "haloo", anasema "Nimeshashuka."

Sasa wiki mbili baada ya arobaini, wakala wa matangazo wa kampuni ileile amenipigia. Wanataka kurudisha "Babu, shuka" kwa ajili ya mtandao mpya wa kasi. Wananipa shilingi milioni 15. Wamenitumia mkataba wa kurasa 11 kwa WhatsApp, wanataka jibu Ijumaa ijayo. Kipengele cha saba kinasema kampuni itakuwa na haki ya "kutumia, kurekebisha na kuzalisha upya sura na sauti ya Msanii kwa njia yoyote iliyopo au itakayobuniwa, bila ukomo wa muda, popote duniani". Mchumba wangu anasema chukua hela, mengine tutajua mbele ya safari. Mama hataki hata kulisikia. Rafiki yangu mmoja anayefanya kazi ya grafiki ananiambia nisiwe mjinga, kuna dada Marekani alirusha nyundo kwenye tangazo la kompyuta mara moja tu, na miaka arobaini baadaye dunia bado inamkumbuka, kwa hiyo na mimi nishukuru.

Ni kweli? Huyo dada aliishije baada ya hapo? Na mimi nirudi kwenye mwembe au nikatae?

Aliyechoka kuitwa Babu, Tabata

*

Marahaba mwanangu, na pole kwa msiba.

Nilicheka nilipofika kwenye "mshtakiwa, simama", kisha nikafika Muheza nikaona aibu kwamba nilicheka. Najua kidogo unachosema. Zamani niliigiza redioni, mama mkwe mkorofi anayeficha sukari mkwewe asipikie chai. Hapakuwa na picha, sauti tu, na bado sokoni kuna mama alinitambua kwa kunisikia nabishana bei, akakataa kuniuzia nyanya mpaka niahidi kumwachia mkwe wangu sukari. Ilidumu miaka. Kwa hiyo sitakwambia "puuza tu". Mwenye kusema puuza hajawahi kunyimwa nyanya.

Nianze na dada wa nyundo, kwa sababu rafiki yako amekupa habari nusu.

Anaitwa Anya Major. Si Mmarekani, ni Mwingereza, na tangazo lenyewe lilipigwa Uingereza, kwenye studio za Shepperton karibu na London. Muongozaji alikuwa Ridley Scott. Kampuni ni Apple, na ilikuwa inajiandaa kutoa kompyuta ya Macintosh. Wazo walilichota kwenye riwaya ya George Orwell iliyobeba jina la mwaka huo, 1984: safu za watu wenye vipara, nguo za kijivu, wamekaa kama magunia ghalani wakitazama uso mkubwa kwenye skrini unaowahubiria. Anatokea mwanamke mmoja mwenye rangi, kaptura nyekundu na fulana nyeupe, anakimbia na nyundo kubwa, askari wanamfukuza. Anazunguka, anaiachia, skrini inalipuka. Kompyuta yenyewe huioni hata kidogo, imechorwa tu kwenye fulana yake. Lilirushwa tarehe 22 Januari 1984 katikati ya Super Bowl, fainali ya mpira wa Kimarekani, na siku mbili baadaye Macintosh ikaingia sokoni kwa dola 2,495. Wakurugenzi wa Apple walipolitazama kabla hawakulipenda kabisa, walitaka muda walioununua kwenye televisheni uuzwe. Wakala wao, Chiat/Day, akauza sehemu, akabaki na dakika moja. Dakika hiyo ndiyo inayozungumzwa mpaka leo.

Sasa sikiliza Anya alipatikanaje. Alikuwa mrusha kisahani. Walijaribu wanamitindo, wengi wakashindwa kuzunguka na nyundo bila kuyumba, yeye akaweza kwa sababu mwili wake ulishajifunza kazi hiyo uwanjani. Hakupewa neno hata moja la kusema. Mwaka uliofuata alionekana kwenye video ya wimbo wa Elton John, "Nikita", akiwa askari wa mpakani, na baada ya hapo hakuna igizo lingine lililomfanya ajulikane. Rafiki yako anasema dunia inamkumbuka. Mwambie amtaje jina. Watu wanakumbuka kaptura nyekundu.

Simdharau. Alichotakiwa kufanya alikifanya vizuri kuliko yeyote. Ila alikuja pale kama mwanamichezo, akarusha, ikapiga. Wewe ulikaa wiki tatu benchi la nyuma ukiangalia hakimu anavyovua miwani. Hamko safari moja, kwa hiyo usikubali kupimwa kwa kipimo chake.

Nikitafuta wa kukufananisha naye nitavuka tu mtaa, nibaki hukohuko Uingereza. Yupo mwigizaji anaitwa Maureen Lipman, mzaliwa wa Hull. Huyu alishapita kwenye jukwaa la National Theatre, jumba la taifa la maigizo, enzi za mwigizaji mkubwa Laurence Olivier, kwa hiyo hakuwa mtu wa kuokotwa barabarani. Mwishoni mwa miaka ya 1980 akachukua kazi ya kutangaza simu za British Telecom. Akawa Beattie, bibi wa Kiyahudi ambaye simu haimtoki sikioni. Jina lenyewe ni mchezo, ukilitamka linasikika kama herufi za kampuni, B na T. Na Lipman wakati huo alikuwa na miaka arobaini na kitu tu, bibi walimtengeneza kwa nywele na miwani.

Tangazo lililomganda ni hili. Mjukuu anamwambia bibi kwenye simu kwamba matokeo ya mtihani yametoka, amefeli karibu kila kitu. Bibi anambembeleza, hakuna ulichofaulu kabisa? Ufinyanzi, anasema mjukuu. Ufinyanzi nao ni kitu, watu watahitaji sahani siku zote, bibi anajibu. Na kingine? Sosholojia. Hapo bibi anaruka: ana "lojia"! Mtoto ana lojia halafu anasema amefeli! Mwenye lojia ni mwanasayansi! Waingereza walilibeba neno lile wakatembea nalo, na miaka nenda rudi wakawa wanamrushia popote wanapomwona, kama wewe na konda wako.

Alifanyaje? Kwanza hakujificha. Alitoa hata kitabu, mwaka 1989, akakipa jina kutokana na mstari huohuo, yaani kama wanaendelea kunitupia maneno, basi wanunue. Lakini si hilo linalonivutia. Linalonivutia ni kwamba hakuacha jukwaa hata siku zile Beattie yuko kila seti ya televisheni. Mwaka 2002 alikuwa mama wa familia ya Kiyahudi ya Warsaw kwenye filamu ya The Pianist, na sidhani kuna aliyetoka ukumbini akisema "lojia". Mwaka 2018 akaingia Coronation Street, ile tamthilia ya Waingereza isiyoisha, akiwa bibi mwenye ulimi mkali. Mwaka 2020 akapewa heshima ya kuitwa Dame. Beattie bado yupo, hajafutika, ila sasa amekaa kwenye foleni na wenzake.

Kwa hiyo yule muongozaji wako alikosea wapi? Hakukosea kuhusu watazamaji, kweli wangesubiri "shuka", kipindi cha kwanza. Pengine na cha pili. Kipindi cha tano wangekuwa wanakuogopa, kama wewe ni hakimu kweli. Hakuwa tayari kuvumilia vipindi vinne, na hiyo ni hesabu yake, si kipaji chako. Alikwambia "umeweza kabisa" mbele ya mashahidi. Chukua simu, jirekodi dakika mbili za yule hakimu, miwani, kimya na yote, usitabasamu hata kidogo, na umtumie muongozaji mwingine bila barua ndefu na bila kutaja tangazo. Kisha nenda ukatafute jukwaa. Watu wa TaSUBa, chuo cha sanaa pale Bagamoyo, na wale wa sanaa za maonyesho Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wanatengeneza michezo yenye wahusika wazima, si ya kukimbia kwenye vumbi. Malipo yake utayacheka. Nenda hivyohivyo.

Sasa mkataba, na hapa naomba mchumba wako asome pia.

Hela ya kwanza ulisaini juu ya boneti. Wazee walishasema mali bila daftari hupotea bila habari, na wewe daftari lilibaki kwenye gari la dereva mwenye haraka. Hujui mpaka leo uliwauzia sura yako kwa mwaka mmoja au kwa maisha. Kabla ya kuzungumza milioni 15, waandikie, kwa maandishi si kwa simu, wakupe nakala ya karatasi ya 2019. Kama hawana, hilo nalo ni jibu, na mwanasheria wako atalipenda sana. Ndiyo, tafuta mwanasheria. Katika milioni 15, gharama ya kusomewa kurasa 11 ni nauli.

Kipengele cha saba kimenikumbusha mambo mawili.

La kwanza ni la Susan Bennett, msanii wa sauti wa Georgia, Marekani. Mwezi Julai 2005 alijifungia nyumbani kwake kurekodi sentensi zisizo na kichwa wala miguu, saa kadhaa kwa siku, mwezi mzima, akidhani ni za mitambo ya kupokea simu. Akalipwa saa zake, akaendelea na maisha. Oktoba 2011 Apple ikatoa simu yenye msaidizi anayezungumza, Siri, na mwenzake wa kazi akamwandikia: hii si sauti yako? Ndivyo alivyojua. Mamilioni ya watu walikuwa wanabishana naye mifukoni mwao, na yeye hakulipwa hata senti kwa hilo. Alikaa kimya mpaka mwaka 2013 ndipo akajitokeza. Hakuibiwa kwa maana ya kuvunjiwa mlango. Aliuza sauti kwa karatasi iliyokuwa pana kuliko alivyodhani.

La pili ni la Anya huyohuyo. Mwaka 2004, miaka ishirini baada ya nyundo, Apple walilionyesha tena lile tangazo, na safari hii mkimbiaji amevaa iPod, kile kifaa kidogo cha kusikilizia muziki, na nyaya za masikioni. Kifaa hicho mwaka 1984 hakikuwepo hata ndotoni. Walikichomeka kwa kompyuta. Hiyo ni kabla ya akili mnemba ya sasa, ambayo sauti yako ya sekunde chache inaitosha kukutamkisha lolote. Sasa soma tena: "kurekebisha na kuzalisha upya", "itakayobuniwa", "bila ukomo". Wakisaini nawe hivyo, mara ya tatu hawatakupigia simu. Hawatakuhitaji. "Babu, shuka" itasemwa na wewe usiyekuwepo, kwa lugha usizozijua, labda ikitangaza mikopo ya simu ambayo mwenyewe usingemshauri adui yako aichukue.

Kwa hiyo jibu langu ni hili: rudi kwenye mwembe, ila si kwa karatasi hiyo. Nasema rudi kwa sababu huna cha kupoteza kwa jina ambalo tayari unalo, na kwa sababu mara ya kwanza ulilipwa hela ya msichana mwenye haraka. Waambie wanatumia sura yako mwaka mmoja, wakitaka wa pili wanalipa tena. Nchi zitajwe. Televisheni, redio, mabango, mitandao, kila kimoja kitajwe. Kutengeneza sura au sauti yako kwa mashine, hapana, na iandikwe hapana. Kama wanakukataza kutangazia mtandao mwingine, kukaa bure nako kuna bei. Muda ukiisha, mabango yashuke. (Sikukusudia, limekuja lenyewe.) Ijumaa wanayokupa si yao kukuamulia, mtu anayekutaka wewe na mwembe wako hawezi kwenda kuchukua mwingine, na hapo ndipo nguvu yako ilipo kwa mara ya kwanza tangu 2019. Wakisema kipengele cha saba hakigusiki, funga simu. Tutakuwa tumejua walichokuwa wanataka.

Usidhani unapigana mikono mitupu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mwigizaji, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ndiyo ya kuulizia. Halafu ipo Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, ilianza kazi Mei 2023, na sura yako ni taarifa inayokutambulisha kuliko hata namba ya kitambulisho. Tume yake inapokea malalamiko. Mwambie mwanasheria aanzie hapo.

Kuhusu picha chafu, hapo sitanii wala sikuambii uzoee. Yupo Milana Vayntrub, aliyezaliwa Tashkent, akafika Marekani mtoto mdogo na wazazi wake wakiwa wakimbizi. Kuanzia mwaka 2013 alikuwa Lily, muuzaji mchangamfu kwenye duka la simu la AT&T, akaacha, kisha mwaka 2020 akarudi, wakati wa korona, na safari hiyo mengine akayaongoza mwenyewe akiwa nyumbani kwake. Ndipo wanaume wakaanza kumchambua mwili mtandaoni, kwa maelfu, wakichimbua picha zake za zamani. Hakunyamaza. Aliingia mubashara kwenye Instagram akasema inaumiza, akasema haoni kwa nini anyamaze. Kampuni ikalaani waziwazi na kufunga maoni kwenye matangazo yake. Nakutajia hili kwa sababu mbili: alirudi kazini kwa masharti yake, na kampuni ilisimama upande wake. Weka na wewe kwenye mkataba kwamba uso wako ukichafuliwa kwa sababu ya tangazo lao, wao ndio wa kwanza kulaani na kusaidia kuziondoa picha. Zilizopo sasa, piga picha ya skrini kila moja ikionyesha tarehe na akaunti, zipeleke polisi. Sheria ya Makosa ya Mtandao ipo tangu 2015.

Mama yako mwache kwanza. Hakatai tangazo, anakataa ile siku.

Na ile siku nimeisoma mara tatu. Umeandika kwamba babu yako alikuwa akipokea simu kwa kusema "Nimeshashuka", na kwamba alikinogeshea kijiji kizima kuwa ni yeye wa kwenye mwembe. Kisha umeandika kwamba kijana alisema "si kwa nguvu". Mtu anayetaka kuchekesha kundi hasemi kwa sauti ndogo, mwanangu, nimekaa kwenye misiba mingi. Kama alitaka kukudhihaki wewe angesubiri mpaka mtoke makaburini, wakati wa kula. Aliyasema maneno yale kuelekea kaburini, wakati babu anashuka. Mimi sikuwepo, naweza kuwa nimekosea, na kama nimekosea utaniandikia unikaripie.

Lakini muulize mama yako yule kijana ni mtoto wa nani. Halafu muulize kama alikuwa akishinda barazani kwa babu jioni.